Je, mwigizaji wa jukwaani ajipunguze akiingia kwenye filamu?

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mimi ni binti wa miaka 26, naishi Tanga. Nimecheza michezo ya jukwaani miaka saba, mingi kwenye kumbi za shule na viwanja vya wazi. Juzi niliitwa kwenye usaili wa tamthilia ya televisheni. Mwongozaji akaniambia mbele ya watu, "Dada, huku si jukwaani, jipunguze." Nikajipunguza. Akasema sasa nimekuwa kama mgonjwa. Nyumbani baba alikuwa anatuwekea filamu ya The Message, ya habari za mwanzo wa Uislamu, kila Ramadhani, na yule mama aliyeigiza Hind, adui wa Waislamu, alikuwa ananitisha mpaka nageuza uso. Nimesikia ni Mgiriki na alitokea jukwaani. Yeye alijipunguza vipi? Na je, niachane na jukwaa?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Barua yako nimeisoma mara tatu, na kila nikifika kwenye "mgonjwa" nacheka, maana ugonjwa huo nami nimewahi kuugua. Tutaufikia.

Kwanza huyo Hind wako. Anaitwa Irene Papas, na aliyekwambia alitokea jukwaani amekupa nusu ya habari. Alizaliwa 1929 katika kijiji cha Chiliomodi, jirani na mji wa Corinth, akaingia shule ya uigizaji Athens akiwa bado binti mdogo, akapitia maonyesho ya kuimba na kucheza. Lakini filamu yake ya kwanza ilitoka 1948, akiwa na miaka 19 hivi. Tanzia kubwa za Kigiriki, yaani ile michezo ya kale ya misiba, alizozicheza katika majukwaa ya New York, kama Medea ya mwaka 1973, zilikuja wakati dunia imeshamjua kwa filamu. Kwa hiyo safari yake kwa sehemu kubwa ilikwenda kinyume na unayotaka wewe. Nitamwita baadaye kama shahidi. Mtu wa swali lako ni mwingine, na vijana wengi hawamjui: Katina Paxinou.

Alizaliwa Piraeus, bandari ya Athens, mwaka 1900. Mwanzo wake ulikuwa kuimba. Alisomea sauti, na 1920 akaimba katika opera ya Dimitri Mitropoulos. Mitropoulos alikuwa bado kijana, baadaye akaja kuwa kiongozi wa okestra mwenye jina kubwa Marekani. Kwenye maigizo ya maneno Katina aliingia mwishoni mwa miaka ya 1920, na 1932 akawa miongoni mwa waigizaji wa Jumba la Taifa la Maigizo pamoja na Alexis Minotis, aliyekuja kuwa mumewe. (Paxinou lilikuwa jina la mume wa kwanza. Akabaki nalo, kwa kuwa watu walishalizoea.) Shika hilo la uimbaji, maana nitalirudia.

Sasa twende Epidaurus, Septemba 1938. Huko kuna uwanja wa maigizo wa karne ya 4 kabla ya Kristo, wa mawe, umechongwa kwenye ubavu wa kilima, safu 55 zikipanda juu, watu wapatao 14,000 wanaenea. Kwa karne nyingi hapakuwahi kuchezwa kitu. Siku hiyo mwongozaji Dimitris Rondiris alilileta kundi la Jumba la Taifa likacheza Electra, tanzia ya mwandishi wa kale Sophocles, mchana, juani, bila kipaza sauti. Electra alikuwa Paxinou. Mfikirie mwanamke amesimama chini kwenye duara la udongo, na aliyekaa safu ya mwisho anamwona mdogo kama kidole. Anamwombolezea baba yake aliyeuawa, na kila neno linatakiwa lifike kule juu lingali na huzuni yake. Ukipiga kelele, huzuni inakufa njiani na kinachofika ni kelele tupu. Kinachofika salama ni pumzi iliyopimwa, irabu iliyoshikwa mpaka mwisho wake, na mwili usiotapatapa. Wanaosema waigizaji wa jukwaani wanazidisha hawajamwona mwigizaji wa jukwaani aliyefundishwa vizuri. Umbali wa namna ile unakufundisha ubahili, kwa sababu kila usichokihitaji kinakuchosha bure.

Paxinou hakuhamia filamu kwa kupenda. Vita ndiyo ilimhamisha. Mwaka 1939 alikuwa amekwenda London na Jumba la Taifa, akacheza Electra na akawa malkia Gertrude katika Hamlet. Vita vilipopamba moto alikuwa Uingereza, akicheza michezo ya Ibsen, mwandishi wa Norway, kwa Kiingereza chake chenye lafudhi nzito. Wajerumani walipoiteka Ugiriki 1941, mlango wa kurudi ukafungwa. Akavuka kwenda Marekani, na 1942 akawa Hedda Gabler, katika mchezo wa Ibsen wa jina hilo, jijini New York. Mwenzake waliyecheza naye katika Electra ya Rondiris, Eleni Papadaki, ambaye wengine walimweka juu zaidi yake, alibaki Athens. Aliuawa Desemba 1944, mji ulipokuwa ukipigana wenyewe kwa wenyewe. Huwa nasita ninapofika hapa. Tunaposema "alihamia filamu" ni kama tunasimulia mtu aliyebadilisha kazi, kumbe mama wa watu alikuwa mkimbizi anayetafuta riziki.

Kampuni ya Paramount ilikuwa inatengeneza filamu kutokana na riwaya ya Hemingway, For Whom the Bell Tolls, ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Hispania. Nyota walikuwa Gary Cooper na Ingrid Bergman. Paxinou akapewa Pilar, mwanamke wa makamo anayeliongoza kundi la wapiganaji milimani wakati mumewe, aliyekuwa simba, amegeuka mlevi mwoga. Walipiga picha kwenye milima ya Sierra Nevada, California. Alikuwa na miaka zaidi ya 40 na hiyo ndiyo filamu iliyomtambulisha.

Itafute uitazame, hata kama ni ndefu na mahali pengine inachosha (mimi nilisinzia kidogo katikati, sikufichi). Mtazame Pilar anapozungumza na wale vijana wawili wapenzi juu ya ubaya wa sura yake. Anacheka huku anasema. Kicheko ni kikubwa, cha kifuani, kile kile cha jukwaani, hajakipunguza hata chembe. Lakini macho hayacheki. Macho yamebaki kwa yule binti mzuri aliyekaa mbele yake, yanamhesabu. Akicheza hivyo Epidaurus, safu ya mwisho itapata kicheko na kuyakosa macho. Kamera imesogea imekuja kuyachukua. Yeye hakuongeza wala kupunguza kitu. Vyote viwili vilikuwemo ndani yake tangu zamani, ila safari hii kuna mtu amekaa karibu kiasi cha kuviona.

Filamu ilipendekezwa kwa Oscar katika vipengele tisa, ikapata kimoja tu: Paxinou, mwigizaji msaidizi bora wa kike, Machi 1944. Ndio mwaka wa kwanza waigizaji wasaidizi kupewa sanamu kamili. Kabla ya hapo walikuwa wanapewa kibao cha kumbukumbu tu. Alipopanda kuipokea aliwakumbuka wenzake wa Jumba la Taifa, walio hai na waliokufa, na Ugiriki wakati huo ilikuwa bado chini ya Wajerumani.

Kwa hiyo alijipunguza vipi? Hakujipunguza. Alipata mtu wa saizi yake. Pilar ni mwanamke anayejaza pango akiingia, wapiganaji wenye bunduki wananyamaza. Ukimpa mwigizaji mdogo nafasi hiyo ataivaa kama mtoto aliyevaa koti la baba yake. Na dalili kwamba siri ilikuwa kwenye nafasi ni yaliyofuata. Hollywood hawakujua wamfanyie nini. Wakampa wageni wenye siri, wanawake wa kutisha, watu wa lafudhi. Mwaka 1947 alikuwa Christine katika Mourning Becomes Electra, iliyotokana na mchezo wa Eugene O'Neill aliyeihamishia tanzia ya Kigiriki Marekani. Ungesema hapo kafika nyumbani, lakini filamu yenyewe ilibaki jukwaa lililopigwa picha, maneno mengi, kuta nyingi, na haikupendwa na watazamaji. Uzuri ni kwamba alipokutana na mtu anayejua kumtumia, hata dakika chache zilimtosha. Mwongozaji Orson Welles alimpa sini moja katika Mr. Arkadin, mama mtu mzima anayefungua albamu ya picha za zamani, na ukimaliza filamu ile nzima huyo ndiye unayemkumbuka.

Nirudi kwako na ugonjwa wako. Mara yangu ya kwanza mbele ya kamera nilikuwa na jukwaa la miaka kumi mwilini. Nikatamka mstari wangu wa kwanza, na mtu wa sauti akavua hedifoni zake polepole, akazilaza mezani, akaniangalia kama mtu aliyemwagiwa maji masikioni. Nikaambiwa kama ulivyoambiwa. Nikashusha sauti, na wala sikujua kwamba nilipoishusha nilishusha na pumzi, nikashusha na hamu, nikashusha na kope. Nikabaki natamka maneno kama mtu anayesoma bei za dukani. Ndivyo wengi tunavyougua. Pumzi, sauti na kutaka vimefungwa kamba moja, na tukiambiwa "punguza" tunaivuta kamba yote.

Paxinou alikuwa mwimbaji, na mwimbaji anajua kitu ambacho sisi tunakisahau: kuimba kwa sauti ya chini kunataka uitawale pumzi kama vile unapoimba kwa nguvu. Noti laini isiyotetemeka inashikwa na tumbo zima. Basi ukiwa mbele ya kamera, chini ya mbavu kaa vile vile unavyokaa kiwanjani, pumzi imejaa, unataka unachokitaka kwa ukubwa ule ule. Kinachobadilika ni anayepelekewa. Kiwanjani unamsemesha mwenzako ukijua kuna bibi kule nyuma kwenye benchi la mwisho anayestahili kusikia. Kwenye kamera mfute huyo bibi. Amebaki mwenzako tu, mita moja na nusu kutoka kwako. Sema naye yeye, mpaka umwone amekusikia. Sauti itashuka yenyewe bila kuishusha, kama inavyoshuka ukiwa jikoni na mama yako usiku baba amelala.

Mgiriki mwingine nitampita haraka, Melina Mercouri, kwa sababu yeye filamu ilimfuata. Athens walimjua kama Blanche wa A Streetcar Named Desire katika jumba la maigizo la mwongozaji Karolos Koun, 1949. Filamu yake ya kwanza, Stella, ilitoka 1955 akiwa na miaka zaidi ya 30, na ilitokana na mchezo wa Iakovos Kambanellis. Mwisho wake Stella anatembea alfajiri kwenye mtaa mtupu kumwendea mwanamume aliyeshika kisu. Mwanamume anamwonya aondoke. Yeye anaendelea kuja. Hana la kusema, ni mwendo peke yake, na mwendo ule ni wa mtu aliyezoea kuvuka jukwaa pana huku watu mia wanamwangalia. Miaka mitano baadaye filamu ya Never on Sunday ikampa tuzo ya tamasha la filamu la Cannes, na dunia nzima ikawa inaimba wimbo wake wa Piraeus. Baadaye akawa mbunge, kisha waziri wa utamaduni, lakini hayo si swali lako.

Shahidi wangu sasa. Irene Papas alicheza tanzia mbili za kale kwenye filamu, zikifuatana. Antigone ya Yorgos Tzavellas ni ya 1961. Electra ya Michael Cacoyannis ni ya 1962. Mwigizaji ni yule yule, umri ni ule ule, lakini ukizitazama usiku mmoja utadhani ni watu wawili. Katika Antigone anasimama, anatamka, mwenzake anajibu, kamera inakaa kwa heshima kama mgeni sebuleni. Ni kazi nzuri, lakini unaisikia zaidi kuliko unavyoiona. Cacoyannis, aliyekuwa mtu wa Kipro na amewahi kuigiza jukwaani London, akafanya kingine. Filamu yake inaanza na kuuawa kwa Agamemnon, baba yake Electra, bila neno hata moja: muziki wa Mikis Theodorakis, nyuso, mlango. Korasi, wale watu wa kuitikia kwenye tanzia, amewafanya wanawake wa kijijini waliojifunga nguo nyeusi, wamesambaa kwenye nyika kama wamefika msibani. Kisha Papas, nywele fupi, uso umejaa kioo kizima. Hafanyi kitu. Mpiga picha Walter Lassally amempa mwanga wa jua kali unaouchonga uso ule kama jiwe, na unaona wazo linazaliwa nyuma ya paji la uso kabla halijafika mdomoni.

Mimi nasema Papas ndiye aliyefaidika na ukosefu wa maneno kuliko wote. Katika Zorba the Greek, 1964, ni mjane wa kijijini ambaye hasemi karibu chochote filamu nzima. Kuna sini ya mgahawa: mvua inanyesha, wanaume wamemfichia mbuzi wake humo ndani ili wamcheke, naye anaingia kumtafuta, amelowa. Itazame bila sauti. Hesabu mara ngapi anapepesa macho. Hesabu mara ngapi anageuza kichwa bila kugeuza mabega. Kila mwanamume mle ndani anamtaka na anamchukia kwa kumtaka, na yote hayo unayasoma kwa namna yeye anavyokataa kuwaangalia.

Ndipo tunafika kwa Hind. Unajua kwamba The Message zilipigwa mbili? Mustafa Akkad alitengeneza ya Kiingereza na ya Kiarabu kwa pamoja, Morocco na Libya, seti zile zile, mavazi yale yale. Waigizaji wa Kiingereza wakimaliza sini, wanaingia wa Kiarabu. Kwenye Kiingereza Hamza (R.A.), ami yake Mtume, aliigizwa na Anthony Quinn na Hind ni Papas. Kwenye Kiarabu Hamza ni Abdullah Gaith, Hind ni Muna Wassef wa Syria, naye ni mtu wa jukwaa hasa. Una darasa zima hapo, mwanangu, na baba yako pengine anazo zote mbili kabatini. Tazama Hind anayedai kisasi baada ya vita vya Badr, kwa mama mmoja kisha kwa mwingine. Kwa Wassef chuki ni moto, inapanda kwenye sauti, na Kiarabu fasaha kinambeba. Kwa Papas ni barafu. Nami nakiri kwamba kwa sini hiyo nampenda zaidi Wassef, ingawa wenzangu wananipinga. Usidhani kwa hiyo kwamba utulivu ndiyo filamu na moto ndiyo jukwaa. Wote wawili wako mbele ya kamera ile ile na wote wanakutisha.

Filamu hiyo ina jambo jingine la kukufaa. Kwa kuwa Mtume (S.A.W.) haonyeshwi wala hasikiki, anapokuwepo mahali waigizaji wanaiangalia lenzi moja kwa moja na kusema nayo. Kamera ndiyo mtu. Quinn anazungumza na kioo kwa adabu na upendo, anasubiri jibu lisilosikika, anasikia, anajibu. Nimewapa wanafunzi zoezi hilo miaka mingi na hakuna lililonisaidia zaidi. Weka simu yako kwenye rafu usawa wa macho, iite jina la mtu unayempenda na uliyemkosea, uombe radhi, kisha unyamaze usubiri. Ukijirudia kutazama utaona sekunde ya kwanza uliyoacha kuigiza.

Kuna jambo moja mwongozaji wako hakukwambia, pengine kwa sababu yeye hajawahi kupanda jukwaani. Kitakachokutesa zaidi ni mpangilio, kuliko hata huo ukubwa. Jukwaani unaanza mwanzo unaishia mwisho, hasira inajijenga yenyewe kama ugali unavyokaza. Kwenye tamthilia utamzika mume wako Jumatatu na kuolewa naye Alhamisi, kwa sababu makaburi wamepewa Jumatatu. Na hapo ndipo miaka yako saba inapokuwa mtaji. Mtu aliyezoea kubeba mchezo wa saa mbili kichwani anajua Jumatatu ile iko wapi katika hadithi. Soma skripti yote, hata kurasa usizomo, na kwenye kona ya kila sini yako andika kwa penseli umetoka kulia wapi, umekula au hujala, nani kakudanganya. Waigizaji wengi waliozaliwa na kamera hawafanyi hivyo, na mhariri anaona.

Umeuliza kama uachane na jukwaa. Paxinou akiwa na Oscar yake alirudi Ugiriki mwanzoni mwa miaka ya 1950, na mcheza kwao hutunzwa. Tamasha la Epidaurus lilipofunguliwa rasmi 1955 alikuwa Hecuba, mama anayepoteza watoto wake, kwenye lile lile duara la udongo alilokuwa Electra miaka 17 nyuma. Na miaka mitano baadaye Luchino Visconti, mwongozaji wa filamu aliyekuwa pia mtu wa opera na majukwaa, alitaka mama wa Kitaliano wa kusini anayeshuka kwenye treni Milan na wanawe, mjane, maskini, mwenye sauti ya kujaza ngazi zote za jengo la kupanga. Angeweza kumpata Mwitalia. Akamchukua Paxinou. Katika Rocco and His Brothers yule mama analia, analaani, anajisifu, anakumbatia, mikono iko juu, na wapo wanaosema amezidi. Mimi nikimtazama namwona mama mkwe wangu, Mungu amrehemu, siku mwanawe alipokamatwa.

Mwongozaji akikuita tena, kabla hujatamka muulize shoti ni ya wapi, ya uso au ya mwili mzima. Ni swali la kawaida kwenye seti, hakuna atakayekushangaa. Na hiyo ya simu na msamaha anza leo. Ukipata sekunde hiyo niandikie, nataka kujua ulimwomba nani.